Kiwanja Kimoja cha Katzir: Raia Anapokwama Mlangoni

Mwaka 1995 mume na mke wa familia ya Ka'adan, wakazi wa mji wa Kiarabu wa Baqa al-Gharbiyye nchini Israeli, waliomba kiwanja cha kujenga nyumba Katzir, kitongoji cha Wayahudi kilicho juu ya vilima vya Wadi Ara, bonde lenye wakazi wengi Waarabu, si mbali na kwao. Mume alikuwa muuguzi. Wote wawili walikuwa raia wa Israeli wenye kitambulisho, kodi na kura kama raia mwingine yeyote. Haja yao hukumu iliyokuja baadaye inaieleza kwa maneno machache: walitaka kuishi mahali penye hali bora kuliko walipokuwa. Jibu nalo lilikuwa fupi. Kitongoji hakipokei Waarabu.

Miaka tisa ilipita kabla ya mamlaka kukubali kuwapa kiwanja. Katikati ya miaka hiyo, tarehe 8 Machi 2000, Mahakama ya Juu, ambako familia ilikuwa imepeleka shauri lake, ilitoa hukumu inayofundishwa mpaka leo, na wengi wanaosimulia kisa hiki huishia siku hiyo, kana kwamba jaji akishasoma hukumu mlango hufunguka wenyewe. Uchambuzi huu unakwenda mbele zaidi, kwa sababu sehemu inayofundisha kuliko zote ilianza baada ya ushindi.

Ardhi inapita mikono ya nani

Karibu asilimia 93 ya ardhi ya Israeli ni ya umma. Msomaji wa Tanzania hatashangaa, maana kwake pia ardhi yote ni ya umma chini ya udhamini wa Rais, na mtu hupewa hati ya miaka 33, 66 au 99. Tofauti iko kwa wenye mali. Israeli ardhi hiyo ina wenyewe watatu: dola; Mamlaka ya Maendeleo, ambayo ilipokea sehemu kubwa ya mali iliyoachwa na wakimbizi wa Kipalestina wa 1948; na Mfuko wa Taifa wa Wayahudi, wenye takriban asilimia 13 ya ardhi yote ya nchi. Sheria ya Msingi ya 1960, yaani sheria yenye hadhi ya kikatiba, inazuia kuuza ardhi hiyo, isipokuwa kwa mambo machache yaliyoruhusiwa. Kwa kawaida raia hukodishwa kwa miaka 49 inayoweza kuongezwa, na mkodishaji ni ofisi moja: Mamlaka ya Ardhi ya Israeli.

Kwa hiyo mwenye kutaka kiwanja hatafuti muuzaji. Anatafuta ofisi. Na katika vitongoji vya aina ya Katzir, vinavyoitwa kwa Kiebrania *yishuv kehilati*, yaani kitongoji cha jumuiya, ofisi hiyo haikuwa moja. Mlolongo ulikuwa huu. Mamlaka ya Ardhi ilitoa eneo kwa Wakala wa Kiyahudi kwa kibali cha miaka saba, kinachohuishwa kikiisha. Wakala, chombo kilichopewa hadhi yake kwa sheria ya 1952 na kinachotumia fedha za michango ya Wayahudi wa nchi nyingi, ulipanga eneo na kugharamia miundombinu ili kuwapa Wayahudi makazi, kwa kuwa ndilo lengo la kuundwa kwake. Kisha chama cha ushirika cha wakazi kilichagua nani awe mwanachama. Aliyekubaliwa ndipo aliporudi Mamlaka ya Ardhi kusaini mkataba kwa jina lake.

Angalia kinachotokea hapo. Ofisi ya dola haikuwa na haja ya kumwambia mtu kwamba Mwarabu hapati. Ofisa alihitaji tu kuona kwamba barua ya ushirika haipo kwenye faili. Wakala nao ulisema unatekeleza lengo lake, na ushirika ukasema ni chama cha hiari kinachochagua wanachama wake. Kila mkono ulikuwa safi ukitazamwa peke yake, ilhali familia ilibaki nje.

Katiba ya ushirika wa Katzir ilikuwa na kipengele kimoja kinachostahili kutazamwa kwa karibu. Ilitaka mwanachama awe amemaliza utumishi wa jeshi, au amesamehewa, au utumishi wake umeahirishwa, kwa mujibu wa sheria ya jeshi. Neno "Myahudi" au "Mwarabu" halimo. Lakini raia wengi wa Kiarabu hawaitwi jeshini. Wanaoitwa ni wanaume wa Kidruze, jamii ya wasema Kiarabu yenye dini yake, tangu 1956, na Waarabu wengine wachache hujitolea. Kanuni inayosomeka sawa kwa wote inakuwa chujio, na anayelishika hahitaji kutaja kabila la mtu.

Jambo jingine ambalo masimulizi mafupi hulisahau: Katzir ilikuwa na vilima viwili. Kilima cha Kati kilijengwa na Wizara ya Ujenzi na Makazi, na huko viwanja vilitolewa kwa umma kwa utaratibu wa kawaida. Kilima cha Magharibi ndicho kilichokuwa kitongoji cha ushirika. Shauri zima lilihusu kilima hicho cha pili.

Uraia na utaifa, maneno mawili tofauti

Kwa Kiswahili tukisema "taifa" aghalabu tunamaanisha watu wote wa nchi moja. Mtanzania ni wa taifa la Tanzania, awe Mchagga au Mhindi wa Dar es Salaam. Ukiingia kwenye kisa hiki na maana hiyo kichwani utapotea. Kiebrania kinatenganisha *ezrahut*, yaani uraia, na *le'om*, yaani utaifa. Rejista ya watu ina orodha ya utaifa zaidi ya mia: Myahudi, Mwarabu, Mdruze na kuendelea. "Mwisraeli" hayumo. Mwaka 1972 Mahakama ya Juu ilikataa kumwandikisha mtu aliyetaka utaifa wake uwe Mwisraeli, ikisema hakuna taifa la Kiisraeli lililo mbali na taifa la Kiyahudi. Mwaka 2013 kundi jingine la raia lilirudi na ombi hilohilo, na jibu halikubadilika.

Maana yake ni kwamba Ka'adan na jirani yake Myahudi wana uraia mmoja na mataifa mawili. Tangazo la uhuru la 14 Mei 1948 liliahidi dola ya Kiyahudi, na papo hapo likaahidi usawa kamili wa haki za kijamii na kisiasa kwa wakazi wote bila kujali dini, rangi au jinsia. Ahadi hizo mbili zimo kwenye karatasi moja. Kwa miaka mingi zikakaa kwenye karatasi tu: raia wa Kiarabu waliishi chini ya utawala wa kijeshi mpaka 1966, wakihitaji vibali vya kutembea. Ardhi yao kubwa ilichukuliwa kwa sheria mbalimbali. Tarehe 30 Machi 1976, walipogoma na kuandamana kupinga utwaaji mpya huko Galilaya, watu sita waliuawa, na siku hiyo hukumbukwa kila mwaka kama Siku ya Ardhi.

Vitongoji vya vilimani vya Galilaya na Wadi Ara vilizaliwa katika mvutano huo. Katzir ilianzishwa 1982, na lengo halikufichwa: kusambaza Wayahudi katika maeneo yenye Waarabu wengi. Upande wa pili, raia wa Kiarabu leo ni takriban asilimia 21 ya watu wote, lakini tangu 1948 dola haikuwajengea miji mipya zaidi ya ile saba ya kuwakusanya Wabedui, Waarabu wenye asili ya ufugaji wa kuhamahama, wa jangwa la Negev kusini. Miji ya zamani kama Baqa ikajaa. Mtoto wa Baqa akioa anatafuta nafasi juu ya paa la baba yake.

Hoja zilizogongana

Mamlaka ya Ardhi ilikuwa na silaha moja nzuri, nayo ni hukumu iliyokwishatolewa na mahakama hiyohiyo. Miaka michache kabla ya familia ya Ka'adan, Myahudi mmoja aitwaye Avitan aliomba kukodishwa kiwanja Segev Shalom, mji uliotengwa kwa Wabedui kwa masharti nafuu. Akakataliwa, akaenda mahakamani, na mwaka 1989 akashindwa. Hoja ikawa: kama dola iliruhusiwa kuwatengea Wabedui, kwa nini isiwatengee Wayahudi? Kila upande na kitongoji chake, ilimradi wote wawe sawa.

Jaji Mkuu Aharon Barak alijibu kwa kutazama hali halisi badala ya ulinganifu wa maneno. Wabedui walitengewa Segev Shalom ili kuwavuta kwenye makazi ya kudumu, na Myahudi aliyekataliwa alikuwa na mamia ya mahali pengine pa kwenda. Kwa Katzir hali ni kinyume, kwani dola haijengi vitongoji vya ushirika kwa Waarabu. Na hata ingejenga, Barak alikumbusha yale Mahakama ya Juu ya Marekani iliyosema 1954 kuhusu shule za weusi na weupe: kuwatenga watu kunawaambia waliotengwa kwamba hawatakiwi.

Palibaki swali zito, la dola ya Kiyahudi. Hapo Barak alitumia mfano wa nyumba. Wayahudi, alisema, wamepewa ufunguo maalumu wa kuingia, akimaanisha sheria inayompa kila Myahudi haki ya kuhamia Israeli. Lakini mtu akishakuwa ndani kihalali kama raia, ana haki sawa na wenzake wote wa nyumba ile. Mfano huo ndio kiini cha hukumu, na kwa maoni yetu ndio jambo kubwa zaidi lililosemwa na mahakama ile kuhusu raia wa Kiarabu. Unaruhusu utambulisho wa taifa kukaa mlangoni pa nchi, na kuukataza kukaa mlangoni pa kila kijiji.

Majaji wanne walikubaliana na mmoja, Jaji Kedmi, akapinga. Dola haina ruhusa kugawa ardhi yake kwa raia kwa kuangalia dini au utaifa. Isichoweza kukifanya yenyewe haiwezi kukifanya kwa mkono wa mwingine, hata mkono huo ukiwa wa Wakala wa Kiyahudi.

Ushindi ulikuwa na matundu

Matundu yalikuwa matatu, na kila moja lilitumika baadaye.

La kwanza ni amri yenyewe. Mahakama haikuiagiza Mamlaka iwape kiwanja. Iliiagiza ifikirie upya ombi lao kwa misingi ya usawa, na ifanye hivyo kwa haraka inayofaa. Anayejua ofisi anajua neno "kufikiria" linaweza kuchukua muda gani. Barak aliandika waziwazi kwamba hukumu ni hatua ya kwanza katika njia ngumu, na mahakama ilikuwa imewahimiza wahusika watafute suluhu nje kabla haijaandika neno. Tahadhari hiyo inaeleweka. Gharama yake waliilipa waombaji.

La pili ni mipaka. Hukumu ilisema haiamui kuhusu kibbutz, kijiji cha ujamaa, wala moshav, kijiji cha wakulima wa ushirika, wala mahali penye mazingira maalumu ya usalama, wala ardhi iliyokwishagawanywa zamani. Ilitazama mbele tu.

La tatu ndilo kubwa. Ushirika uliachwa na haki yake ya kuchagua wanachama, ilimradi usichague kwa utaifa. Mwaka 2001 familia ilifika mbele ya wachaguzi wa Katzir na kukataliwa upya, safari hii kwa kuwa haifai kijamii. Neno Mwarabu halikutajwa popote. Wakapigwa danadana kati ya ofisi na ushirika, wakarudi mahakamani 2003, na mwaka 2004 Mamlaka ya Ardhi ikakubali kuwapa kiwanja. Hata hapo bei ikawa mjadala wake: ya 1995, walipoomba, au ya soko la siku ile? Hili si jambo dogo. Mtu aliyezuiwa kwa kosa la mamlaka akitozwa bei ya miaka tisa baadaye, kuchelewa kwenyewe kunageuka adhabu. Wakili yeyote anayeshika shauri la namna hii aombe tarehe ya bei iandikwe kwenye amri tangu mwanzo.

"Kutofaa kijamii" inapimwaje

Kisa cha Rakefet, kitongoji cha Galilaya, kinaonyesha chombo hiki kikifanya kazi. Wanandoa vijana wa Kiarabu, wote wasanifu majengo waliomaliza masomo kwa alama za juu, waliomba kiwanja huko. Walipelekwa kwenye usaili na vipimo vya kisaikolojia, kama ilivyokuwa desturi ya vitongoji vingi, na vingine hata viliwatazama waombaji mwandiko. Ripoti ikatoka: mume hana ustadi wa kutosha wa kuhusiana na watu, na mke ni mtu wa kujitegemea mno. Walikwenda mahakamani 2007. Septemba 2011 mahakama iliamuru Rakefet iwape kiwanja.

Tatizo la kipimo cha aina hii ni kwamba hakina sehemu ya kushika. "Anajitegemea mno" huwezi kuipinga kwa cheti, wala kwa shahidi, wala kwa risiti. Na hakiwaumizi Waarabu peke yao. Ombi la Rakefet liliungwa mkono pia na shirika la Wayahudi wa Kimizrahi, wenye asili ya nchi za Mashariki ya Kati na Afrika Kaskazini, kwa sababu wao, pamoja na wazazi wasio na wenza, wenye ulemavu na mashoga, wanalijua chujio hilo. Mkusanyiko huo wa walalamikaji ni funzo la kimkakati: mpaka wa Myahudi na Mwarabu ulilindwa kwa kipimo kilichochora mipaka mingine ndani ya Wayahudi wenyewe.

Bunge halikusubiri hukumu ya Rakefet. Machi 2011 lilipitisha Sheria ya Kamati za Kupokea Wakazi, kwa vitongoji vya Negev na Galilaya visivyozidi kaya 400. Kamati ina watu watano: wawili wa kitongoji, mmoja wa Wakala wa Kiyahudi au Jumuiya ya Kizayuni ya Dunia, mmoja wa jumuiya ya makazi ambayo kitongoji ni mwanachama wake, na mmoja wa halmashauri ya mkoa. Inaweza kumkataa mtu asiyefaa maisha ya kijamii ya pale, au asiyeendana na mfumo wa kijamii na kitamaduni wa kitongoji. Sheria hiyohiyo inakataza kumkataa mtu kwa dini, rangi, jinsia au utaifa wake. Tunalisema wazi: katazo hilo na sababu ile haviwezi kukaa pamoja, kwa kuwa mahali penye Wayahudi watupu utamaduni na utaifa ni kitu kimoja, na kamati ikitaja cha kwanza haina haja ya kutaja cha pili.

Sheria ilipingwa mahakamani, na tarehe 17 Septemba 2014 majaji watano dhidi ya wanne walitupa maombi hayo kwa sababu wakati haujafika: sharti kwanza ionekane inavyotumika. Julai 2023 Bunge likaipanua, kutoka kaya 400 hadi 700, na kuongeza maeneo.

Kati ya tarehe hizo kuna 19 Julai 2018, siku ilipopita Sheria ya Msingi ya Dola ya Taifa kwa kura 62 dhidi ya 55. Inasema haki ya kujiamulia kitaifa ndani ya Israeli ni ya Wayahudi pekee, na inakishusha Kiarabu kutoka lugha rasmi hadi lugha yenye hadhi maalumu. Rasimu yake ilikuwa na kifungu cha kuruhusu jamii kuishi peke yake kwa misingi ya dini au utaifa. Rais Reuven Rivlin alikipinga hadharani, kikaondolewa. Mahali pake pakawekwa maneno kwamba dola inaona maendeleo ya makazi ya Kiyahudi kuwa thamani ya kitaifa. Mwaka 2021 mahakama iliikubali sheria hiyo kwa majaji kumi. Aliyepinga alikuwa mmoja, George Karra, jaji Mwarabu pekee kwenye jopo.

Baada ya kiwanja, shule

Kuna jambo ambalo mashauri ya ardhi hayagusi. Israeli shule za serikali ni za Kiebrania au za Kiarabu. Familia ya Kiarabu ikipata nyumba mahali pa Wayahudi, asubuhi ya kwanza inakutana na swali la mtoto asome wapi. Mji wa Nof HaGalil, uliojengwa 1957 juu ya Nazareth na ambao zaidi ya robo ya wakazi wake sasa ni Waarabu, ulikaa miaka mingi bila shule ya Kiarabu licha ya madai ya wazazi. Karmiel, mji ulioanzishwa 1964, familia moja ilidai gharama za kuwasafirisha watoto wake kwenda shule ya Kiarabu nje ya mji. Mwaka 2020 ofisa wa mahakama ya chini alilikataa dai akitaja Sheria ya Dola ya Taifa na tabia ya Kiyahudi ya mji. Mwaka uliofuata Mahakama ya Wilaya ya Haifa ilisema alikosea kuitumia sheria ile, ila rufaa ikashindwa kwa sababu nyingine. Sheria iliyoelezwa kuwa ya ishara tu ilikuwa imeshafika kwenye nauli ya mtoto.

Karibu na Katzir ipo njia nyingine. Mwaka 2004 katika mji wa Kiarabu wa Kafr Qara, humohumo Wadi Ara, ilifunguliwa shule ya lugha mbili ya mtandao wa Hand in Hand, ambao shule zake za kwanza zilianza 1998. Msingi wa mtandao huo ni walimu wawili, mmoja wa Kiarabu na mmoja wa Kiebrania, kushirikiana darasani. La kipekee la Kafr Qara ni uelekeo wa safari: watoto Wayahudi ndio wanaopelekwa mji wa Waarabu. Shule kama hizi zinabeba watoto wachache sana kati ya wote wa nchi, na zina maadui. Ile ya Jerusalem ilichomwa moto Novemba 2014.

Hukumu ya 2000 haijafutwa. Raia wa Kiarabu anayetaka kiwanja kwenye kitongoji cha kaya 650 leo ataanza kwa fomu ya kamati, atapita usaili na huenda vipimo, na akikataliwa ana haki ya kupewa sababu kwa maandishi. Aidai karatasi hiyo bila kuchelewa, kwa kuwa ndiyo ataipeleka kwenye kamati ya rufaa, na baada ya hapo kwenye mahakama ya masuala ya utawala.